Maswali na majibu: Mzaha wa "that's what she said" ulianzia wapi?

SWALI: Shikamoo Mwalimu. Naandaa kipindi cha redio cha dakika 10 kuhusu ule mzaha wa Kiingereza, "that's what she said". Mtu anasema jambo lisilo na ubaya wowote, mwenzake anadakia "ndivyo alivyosema yule dada", na sentensi nzima inageuka kuwa ya chumbani. Video moja inasema ulianzishwa na kipindi cha vichekesho cha televisheni cha The Office mwaka 2005. Nyingine inasema ulitokana na kisa cha kweli cha mwigizaji wa kike wa Uingereza, Lillie Langtry, na Askofu wa Worcester. Nami nimetafuta Google Books nikakuta kitabu cha 1901 chenye maneno hayo hayo. Nitaje lipi hewani?

JIBU: Marahaba. Usitaje hata moja. La The Office ni kosa jepesi, la Google Books linawanasa hata wasomi, na la askofu ndilo linalonichosha kuliko yote.

Tumalize kwanza jepesi. Toleo la Kimarekani la The Office lilianza kuonyeshwa Machi 2005. Katika filamu ya Wayne's World ya mwaka 1992, Garth analalamika kwamba amechoka kukishika kitu alichokishika, na Wayne anamjibu kwa maneno hayo hayo unayoyauliza. Hiyo ni miaka 13 kabla. Mchekeshaji Chevy Chase naye alikuwa ameshayatumia katika msimu wa kwanza wa kipindi cha vichekesho cha televisheni cha Saturday Night Live, ulioanza Oktoba 1975. The Office iliupa mzaha huu umaarufu mpya, lakini haikuuzaa. Aliyetengeneza video hiyo angetumia dakika tano kuangalia filamu moja ya zamani, tusingekuwa na mjadala.

Sasa askofu. Kisa husimuliwa hivi: Langtry na Askofu wa Worcester wamealikwa kupumzika mwisho wa wiki katika jumba la kitajiri mashambani. Jumapili asubuhi wanatembea bustanini, askofu anachomwa kidole na mwiba wa waridi. Mezani, Langtry anamuuliza hali ya mchomo wake, kwa neno la Kiingereza ambalo mitaani ni jina la uume. Askofu anajibu kwamba bado unapwita. Mtumishi aliyesimama nyuma anaangusha bakuli la viazi.

Kipime kisa hiki kama unavyopima ushahidi mwingine wowote. Langtry alianza kazi ya jukwaani London Desemba 1881, katika ukumbi wa Haymarket. Tangu hapo hadi 1910 Worcester ilikuwa na maaskofu wanne: Henry Philpott, John Perowne, Charles Gore na Huyshe Yeatman-Biggs. Ni yupi kati yao? Kisa hakisemi. Jumba lilikuwa la nani, mwaka gani, nani mwingine alikuwapo mezani? Hakisemi. Lakini viazi kinavikumbuka! Shahidi anayesahau jina la mwenyeji wake na mwaka wa karamu, kisha akakumbuka chakula kilichomwagika, ni mtunzi wa kichekesho. Viazi vimewekwa pale kwa sababu kichekesho kinahitaji kishindo mwishoni.

Kuna hoja nyingine yenye uzito zaidi ya hiyo. Waingereza huusema mzaha wao kwa namna ya "kama mwigizaji alivyomwambia askofu", na mara nyingine wanaugeuza, askofu ndiye anayemwambia mwigizaji. Mwaka 1929 Alfred Hitchcock alikuwa akijaribu mitambo ya sauti kwa ajili ya filamu yake Blackmail, na kipande hicho cha majaribio kimehifadhiwa hadi leo. Anamwambia mwigizaji Anny Ondra asimame palepale alipo, la sivyo haitatoka sawa, "kama msichana alivyomwambia askari". Angalia hapo: hakuna mwigizaji wala askofu, ila mzaha ni uleule. Msemo uliozaliwa na tukio moja huwa unawang'ang'ania watu wa tukio hilo. Huu unawabadilisha watu kama vipuri, na hilo linaonyesha kwamba umbo lilikuwapo, majina yakapachikwa baadaye.

Kwa nini basi Langtry? Kwa sababu alikuwa mwigizaji maarufu na kila mtu alijua kwamba aliwahi kuwa hawara wa mwana wa Malkia Victoria, yule aliyekuja kuwa Edward wa Saba. Kichekesho kisicho na mwenyewe hutafuta jina kubwa la kujishikiza. Sisi wenyewe tunalijua jambo hili vizuri: Abu Nuwas alikuwa mshairi wa kweli wa Baghdad, lakini yule Abunuwasi wa masimulizi yetu amebebeshwa kila kisa cha ujanja kilichopita pwani, na hakuna mtu mwenye akili timamu anayevitumia visa hivyo kuandika wasifu wa mshairi.

Umbo lenyewe ni la kale. Wataalamu wa methali huliita welarizimu, kwa jina la Sam Weller, mtumishi mchangamfu katika The Pickwick Papers ya Charles Dickens, iliyotoka kwa mafungu kuanzia 1836 hadi 1837. Lina viungo vitatu: maneno ya kawaida, msemaji aliyebuniwa, na hali aliyokuwamo alipoyasema. Hali hiyo ndiyo inayoyapa maneno maana ya kuchekesha. Wala Dickens hakulianzisha. Katika mkusanyiko wa methali wa John Heywood wa mwaka 1546 yumo bwana mmoja anayesema kila mtu na apendacho, na papo hapo tunaambiwa kwamba alikuwa akimbusu ng'ombe wake. Maneno yapo, msemaji yupo, hali ipo, takriban miaka 290 kabla ya Sam Weller.

Ukilielewa umbo hilo, historia ya mzaha wako inakuwa nyepesi, na haihitaji mwiba wala waridi. Katika lile la mwigizaji na askofu, kiungo cha tatu kimeondolewa. Hatuambiwi walikuwa wakifanya nini. Msikilizaji anajaziwa pengo na akili yake mwenyewe, tena anajaziwa haraka kwa sababu watu wawili waliochaguliwa wako mbali kadiri inavyowezekana: mmoja anatazamiwa utakatifu, mwingine, kwa dhana za enzi hizo, anatazamiwa kinyume chake. Wamarekani wamekwenda mbali zaidi. Wameondoa askofu, wameondoa hata jina la kazi ya mwanamke, kimebaki kiwakilishi tu. Mzaha umezidi kupungua, na kila ulipopungua umekuwa mwepesi zaidi wa kubebwa. Huhitaji kujua nafasi ya askofu katika jamii ya Kiingereza ili ucheke, na hiyo, kwa maoni yangu, ndiyo sababu sura ya Kimarekani imeenea duniani na ya Kiingereza imebaki kwao.

Ushahidi wa maandishi kwa sura ya Kiingereza unaanzia mwishoni mwa miaka ya 1920. Mbali na Hitchcock, Simon Templar, shujaa wa riwaya za The Saint za Leslie Charteris zilizoanza kutoka mwaka 1928, anautumia msemo huo mara kwa mara. Anautumia bila kuufafanua, na hili ni la kuzingatia sana. Mwandishi asiyefafanua msemo anaamini wasomaji wake wanaujua. Kwa hiyo ulikuwa midomoni mwa watu kabla ya kuingia kitabuni. Kwa muda gani? Eric Partridge, katika kamusi yake ya misemo ya mwaka 1977, anautaja kuwa ulitumika katika jeshi la anga la Uingereza mnamo 1944 hadi 1947, na akaongeza kwamba pengine unarudi hadi enzi za Edward, yaani 1901 hadi 1910. Hilo la kwanza ni taarifa ya matumizi. La pili ni makisio ya mtaalamu, naye ameliandika kama makisio. Waliomnakili wakalifuta neno "pengine", likawa ukweli, kisha wakaleta Langtry kuuvalisha ukweli huo nguo.

Usishangae kwamba maandishi yamechelewa. Tamthilia za Uingereza zilipitia mikononi mwa ofisi ya Lord Chamberlain kukaguliwa hadi sheria ilipobadilishwa mwaka 1968. Filamu za Marekani zilibanwa na kanuni za maadili zilizoitwa kanuni za Hays, zilizosimamiwa kwa ukali kuanzia 1934. BBC nayo, mwishoni mwa miaka ya 1940, iliwapa waandishi wake wa vichekesho mwongozo uliokataza mizaha ya vyoo, ya maharusi walio fungate, ya wahudumu wa vyumba vya hoteli na ya nguo za ndani za wanawake. Katika mazingira hayo mzaha wa namna hii huishi kambini, baa na karakana, na huingia kwenye karatasi pale tu mhariri anapopitiwa. Ndiyo maana tarehe ya kwanza ya maandishi huitwa tarehe ya maandishi, basi. Inakuambia mzaha haukuanza baada ya hapo. Haikuambii ulianza lini.

Kuenea kwake ni rahisi kukufuatilia kuliko kuanza kwake. Katika The Office ya Uingereza, 2001 hadi 2003, bosi David Brent anatumia ule wa mwigizaji na askofu. Wamarekani walipokitengeneza upya walimpa bosi wao, Michael Scott, ule uliokuwa tayari mitaani kwao. Katika kipindi kilichoonyeshwa Septemba 2005 kuhusu unyanyasaji wa kijinsia kazini, Michael anatangaza kwamba ameacha utani huo, kisha anachokozwa kidogo tu na unamtoka. Hapo waandishi walitufanya tumcheke asemaye badala ya kucheka alichosema, na mtu aliyekuwa ameuchoka mzaha akapata ruhusa ya kuurudia. Kisha ikaja Netflix: kampuni ya Nielsen ilihesabu kwamba mwaka 2020 Wamarekani walitazama The Office kwa dakika bilioni 57.1, miaka saba baada ya kipindi cha mwisho kurushwa. Vijana waliokuwa wachanga 2005 wakaupokea kama kitu kipya, na hao ndio wanaotengeneza video unazozitazama.

Hata kompyuta zimeshafundishwa kuutambua. Mwaka 2011 Chloé Kiddon na Yuriy Brun wa Chuo Kikuu cha Washington walitoa makala kuhusu programu waliyoiita DEviaNT, iliyokuwa ikipewa sentensi na kuamua kama inastahili kujibiwa hivyo. Waliitegemeza kwenye dalili mbili: nomino ambazo watu huzitumia kama tafsida za mambo ya kitandani, na muundo wa sentensi unaofanana na ule wa maandishi ya ngono. Nalitaja hili kwa sababu linakukumbusha kwamba kazi yote iko kwenye sentensi ya kwanza, isiyo na hatia. Kiitikio chenyewe ni maneno matupu, yanayosemwa maelfu ya mara kila siku na watu wasiotania chochote.

Na hapo ndipo kitabu chako cha 1901 kinapoanguka.

Kutafuta maneno hayo manne kwenye Google Books kutakupa lundo la vitabu ambamo mwanamke wa kweli alisema jambo la kweli, na mtu mwingine analithibitisha. "Kasema hatakuja?" "Ndivyo alivyosema." Huo si mzaha. Ili uhesabu tukio moja, soma mistari inayotangulia na inayofuata, na utake mambo matatu kwa pamoja: maneno ya kwanza yametoka kwa mtu mwingine anayezungumzia jambo la kawaida, hakuna mwanamke yeyote katika mazungumzo anayeweza kuwa ndiye aliyesema, na maneno hayo yanakubali maana ya pili ya kimwili. Likikosekana moja, achana nalo. Kwa sababu hiyo hiyo mchoro wa Ngram wa Google, unaoonyesha maneno yametumika mara ngapi vitabuni mwaka hadi mwaka, haufai kabisa kwa kazi hii. Unahesabu mfuatano wa maneno tu, na mstari unaopanda unaweza kumaanisha kwamba riwaya zenye mazungumzo mengi zimeongezeka.

Halafu mwaka wenyewe. Majarida yaliyojalidiwa pamoja mara nyingi huandikishwa kwa mwaka wa toleo la kwanza la jarida, hivyo toleo la 1958 linaweza kuonekana kama la 1901. Ukipewa kipande cha mistari mitatu bila ukurasa wa jina, tafuta ndani ya juzuu hilo hilo miaka ya baadaye, "1935", "1950", au maneno kama "television". Yakijitokeza, tarehe imekudanganya. Maktaba ya mtandaoni ya HathiTrust itakupa namba za kurasa hata pale isipokuonyesha maandishi, na kwa namba hiyo unaweza kuomba maktaba ikupigie picha ukurasa. Magazeti ya Marekani utayapata bure kwenye Chronicling America, ya Australia bure kwenye Trove; ya Uingereza yako British Newspaper Archive, ambako kwa sehemu kubwa utalipia. Tafuta kwa sura mbalimbali: msichana na askari, mwigizaji na askofu, askofu akitangulia. Ukienda nyuma ya mwaka 1800, kumbuka kwamba herufi s ndefu ya zamani husomwa na mashine kama f, kwa hiyo "she said" itakuwa imeandikishwa "fhe faid", na usipoitafuta hivyo utadhani haipo.

Kwa redio yako sema hivi: ni umbo la kale la utani ambalo kwa Kiingereza linaonekana tangu 1546, sura ya mwigizaji na askofu imo katika maandishi ya Uingereza ya mwishoni mwa miaka ya 1920, sura ya Kimarekani ilisikika kwenye televisheni ya taifa katika miaka ya 1970 na ikavuma tena baada ya 2005. Mtangazaji akishindwa kujizuia na viazi, asimulie, lakini atangulize kwamba ni kisa cha kubuni.

Jambo moja zaidi, kwa sababu najua litaingia kwenye kipindi hata usipolipanga. Kuna watu watapiga simu kudai kwamba huu ni mtindo wetu, kwamba mafumbo ya kanga na taarabu ndiyo asili yake. Sivyo. Mvaa kanga anajua anachokisema na anajua nani asomewe. Fumbo ni lake, na mlengwa akikasirika anaweza kukana. Katika mzaha wa Kiingereza msemaji wa kwanza hana fumbo lolote. Anapachikwa maana na mwenzake, mbele ya watu. Ndiyo maana kwenye ofisi nyingi mzaha huu unaishia kwa afisa rasilimali watu, na anayetaniwa mara nyingi ni mtu asiyeweza kujibu. Kufanana kwa vitu viwili kwenye kuficha matusi hakuvifanyi ndugu wa damu.

Ugonjwa huu wa kutunga asili hauko kwenye Kiingereza tu. Maswali yanayokuja kuhusu misemo ya Kiswahili yana dalili zilezile: kisa kina mtu mashuhuri, kina kishindo mwishoni, hakina mwaka, na kinaanza kwa "watu wengi hawajui kwamba". Methali fulani inadaiwa kutungwa na mwanasiasa fulani. Msemo fulani unadaiwa kuanzia kwenye doti fulani la kanga. Kanga hukopa methali na mistari ya nyimbo, kwa hiyo tarehe ya kanga ni tarehe ya kanga tu. Na sasa kuna balaa jipya, programu za akili mnemba, ambazo ukiziuliza asili ya msemo zinaweza kukupa mwaka, kitabu na hata namba ya ukurasa kwa sauti ya uhakika kabisa, na ukurasa huo ukaufungua usikute kitu. Wapo wanaosoma majibu hayo hewani kama yalivyo.

Nyenzo za kukagua zipo. Kabla ya kumpa mtu wa karne ya 20 sifa ya methali, tazama mkusanyiko wa W. E. Taylor, mmisionari wa Mombasa, uliochapishwa 1891, kisha kamusi ya Krapf ya 1882, ngano za Unguja alizokusanya Edward Steere na kuzitoa 1870, na kamusi ya Johnson ya 1939. Methali ikiwa imo kwa Taylor, mwanasiasa ameshapoteza kesi. Kwa misemo iliyoibuka baadaye kuna gazeti la Mambo Leo, lililoanza 1923 Dar es Salaam, lenye barua na mashairi ya wasomaji kutoka kila upande. Maktaba ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam ina mkusanyiko wa Afrika Mashariki ambako kazi ya namna hii hufanyika. Ukienda, mpe mkutubi neno unalolitafuta na miaka unayotaka kuipekua. Anaweza kukutolea magazeti ya 1931. Hawezi kukutolea "enzi za wakoloni".